Mfinyanzi wa Amerika sokoni Kasuku

Jumamosi iliyopita, sokoni Kasuku, mgeni mmoja wa Amerika, mwanamke mfinyanzi, alichuchumaa mbele ya mama muuza vyungu. Akamkabidhi kikombe cha udongo alichokifinyanga mwenyewe. Mama akakigonga kwa kidole, akakitegea sikio, akacheka. "Iko nalia muzuri!"

Kupitia mkalimani, mgeni akaeleza kwamba zamani bibi zao walifinyanga, viwanda vikaiua kazi hiyo, kisha watu wakaurudia udongo.

"Vita njo ilibeba masufuria yenu?" mama akauliza kwa huruma, akidhani ni vita vilivyowarudisha kwenye udongo. "Huku wakati wa vita walituibia masufuria yote. Njo nilianza kufinyanga."

"Hapana, Mama. Masufuria tunayo mengi. Tunapenda udongo tu."

Mama akamkazia macho. "Bila lazima?" Halafu akapiga makofi, akacheka mpaka kitenge kikamlegea kiunoni. "Wee! Na miye nilishanunua masufuria ingine zamani, na niko nafinyanga tu!"

Wakashikana mabega, wakacheka pamoja bila mkalimani, na wauza samaki wa jirani nao wakaambukizwa kicheko.

Mimi nilikuwa nimekwenda kununua chumvi. Nilirudi nimekumbatia chungu, na masufuria ninayo.