Kaburi la Kauboi wa Kibabii

Mimi hutengeneza picha za kauboi. Nikisema hivyo mbele ya watu wazima, hasa kwenye harusi, hakosekani mmoja wa kuuliza, "Kauboi gani, na wewe ni mama wa watu hapa Kitale?" Huyo sijibizani naye. Namwambia aende Jumamosi kwenye ukumbi wowote wa kanisa kati ya Naitiri na Webuye, aone watoto wakipigania viti vya mbele, halafu arudi tuongee.

Sina kampuni, sina mfadhili. Nina kamera moja, bunduki za mbao zilizochongwa na fundi wa viti, kofia za mitumba kutoka soko la Bungoma, na mpiga picha mmoja aliyezaliwa nyuma ya msikiti wa Kitale, mtu mpole ambaye amenivumilia kuliko mume wangu. Farasi ni mmoja tu. Ni wa shamba fulani upande wa Endebess, na kila picha tunamwazima. Wengine wote ni punda, na punda tunawaweka mbali kabisa, ndani ya vumbi, ili mtu asipate nafasi ya kuangalia masikio. Januari, mahindi yakishavunwa na upepo ukianza kusomba vumbi chini ya mlima, Trans-Nzoia yote inakuwa yangu. Kauboi wangu wanaongea Kiswahili, wakikasirika wanaongea Kibukusu, na mpaka leo hakuna mtazamaji aliyelalamika.

Nyota wangu tangu picha ya kwanza ni mjomba wangu, khocha, kama tunavyowaita ndugu za mama. Zamani alikuwa dereva wa trekta. Sasa anafuga ng'ombe nyumbani kwa mama yake, yaani nyanya yangu, kukhu, karibu na Kibabii. Ana miguu ya matege na sauti nzito, na kuigiza hajui hata kidogo. Anasimama tu, anaangalia, na ukumbi mzima unanyamaza. Nimemwambia mara nyingi kwamba Mungu alimuumba awe kauboi akamwangusha Bungoma kwa haraka ya kazi.

Katika picha zote hizo mjomba alikuwa anashinda na kuondoka na farasi. Lakini hii moja, hii ninayoipenda kuliko zote, nilitaka afe. Mlinzi mzee wa ng'ombe anawafukuza wezi, anapigwa risasi, anazikwa, kofia yake inawekwa juu ya msalaba. Nilikuwa nimeuona mwisho huo kichwani mpaka nikawa sili vizuri.

Kukhu hakuupenda.

"Mjukuu wangu, hiyo picha yako haina mwisho ingine?"

"Kukhu, ni mchezo tu."

"Kaburi haina mchezo."

Nilijua anachosema. Alikuwa ameshazika wanawe wawili, wajomba zangu walionibeba mgongoni, na huyu wa kofia ndiye aliyebaki. Kwa hiyo nilimbembeleza polepole, kwa sukari na majani ya chai, mpaka akakubali shimo la magoti tu, kando ya ua, lifunikwe kabla hajamaliza kikombe chake. Nikamwapia.

Nikawaita vijana wa kijiji, wale wale ambao huchimba makaburi kukiwa na msiba. Nikawaonyesha mahali. Nikainama nikawaonyesha hata magoti yangu mwenyewe. "Mpaka hapa. Kamera haioni chini." Wakaitikia vizuri kabisa. Mimi na mpiga picha tukaondoka na lori kumleta farasi, naye farasi siku hiyo akaamua kwamba lori si mahali pa farasi, akakataa kupanda mpaka jua likawa utosini.

Tuliporudi Kibabii hakuna aliyetusalimu. Wanawake wa jirani walikuwa wamekaa chini uani, miguu wameinyoosha, shuka mabegani, kama kwenye msiba. Nikakimbia mpaka kwenye ua. Jamani! Shimo lilikuwa kaburi, kaburi kamili, refu kwenda chini, kuta zimenyooka kama zimekatwa kwa kisu. Kiongozi wa wale vijana alikuwa amesimama pembeni anapangusa jasho, anatabasamu.

"Tumemaliza, madam. Ingia uone."

Hasira zikanipanda mpaka masikioni. "Nilisema magoti! Nilisema ama sikusema?"

"Ulisema. Lakini, madam, kaburi ya magoti ni ya mbwa. Sisi hatujai chimbia mtu hivyo."

"Na ni mtu gani amekufa?"

Akaangalia kofia ya mjomba iliyokuwa juu ya msalaba, kisha akaniangalia mimi.

Na si hilo tu. Walipomaliza, mmoja wao alienda jikoni kwa kukhu kudai kuku wa wachimbaji. Huyo kuku hachinjwi bure. Anachinjwa nyumba ikiwa na maiti. Kukhu aliposikia neno hilo aliweka kikombe chini, akaingia chumbani, akajilaza akiangalia ukuta. Nikamkuta hivyo. Nilimshika bega, hakugeuka.

"Mimi nimeomba Mungu kitu moja tu," alisema. "Anitangulize. Niende kabla ya huyu. Sasa mmemchimbia na bado niko hapa."

Nililia, sioni haya kusema. Nikatoka nje nikatangaza kwamba picha imekufa, kila mtu avue kofia aende kwao, shimo lifunikwe sasa hivi. Hakuna aliyeshika jembe. Yule kiongozi wa wachimbaji, ambaye dakika chache nyuma nilitaka kumpiga na bunduki ya mbao, akasema kwa upole, "Haiwezi funikwa tupu, madam. Ikifunikwa tupu itamtafuta mwenyewe. Na haiwezi lala wazi." Hilo nililijua. Hakuna mtoto wa huko asiyelijua.

Ni mjomba aliyeinuka kwanza. Alichukua panga, akaenda mpaka dirisha la mama yake, bado amevaa buti za kauboi, akagonga.

"Mayi, toka nje. Njoo uchague mgomba."

Kwetu kaburi lisilo na maiti hulazwa mgomba badala ya mtu. Halafu tukasikia kitanda.

Kukhu alitoka, akajifunga leso vizuri, akaongoza njia mpaka kwenye migomba yake, nasi sote nyuma. Akaonyeshwa wa kwanza, akakataa. "Huyu ni mnene. Mwanangu si mnene." Wa pili ulikuwa umepinda. Mpiga picha wangu akanong'ona kwamba hata mjomba amepinda, nikamkanyaga. Wa tatu akaupapasa kutoka juu mpaka chini, akasema, "Huyu." Mjomba akaukata. Kukhu mwenyewe akauvisha ile fulana ya ngozi ya picha, akaufunika blanketi.

Basi nikwambie, sijaona mazishi matamu kama yale. Majirani walileta viti, kuni na ngoma ya kanisa. Waliimba mpaka farasi akaanza kutikisa kichwa. Baadaye tukagundua amekula maua yote ya heshima. Watu wakasimama kumsifu marehemu, na marehemu mwenyewe amesimama katikati yao anasikiliza. Jirani mmoja akaeleza jinsi marehemu alivyomvutia ng'ombe wake mweusi kutoka mtoni.

"Alikuwa mwekundu," mjomba akasema.

"Wewe nyamaza, umekufa!"

Watu wakaangua kicheko, na kukhu akawa miongoni mwao. Mpiga picha akaniinamia. "Bosi, nizime?" Nikamwambia akithubutu kuzima nitamwingiza humo ndani pamoja na kamera yake.

Mgomba uliposhushwa kukhu alisogea ukingoni. "Wewe ndiye nimeleta," aliuambia. "Lala hapo, utosheke. Usimuite mtu." Akatupa udongo. Kisha akageuka, akamshika mwanawe kola mbele ya watu wote.

"Umeshazikwa. Umesikia? Hakuna mwenye atakuzika tena mbele yangu. Sasa twende ukule."

Na wachimbaji wakapata kuku wao.

Ule mwisho niliokuwa nao kichwani niliutupa. Huu ndio ulioingia kwenye picha, bila marehemu kuonekana, bila kicheko, udongo na nyimbo tu na ule mkono wa kukhu ukitupa. Tulipoionyesha mara ya kwanza kwenye ukumbi wa kanisa pale pale karibu na Kibabii, watu walijaa mpaka madirishani. Kukhu alikaa mbele, mjomba kando yake. Ilipofika sehemu ya kaburi nikasikia mtu anavuta kamasi, halafu mwingine, halafu wanawake wakaanza kulia kwa sauti kabisa, hata wale waliokuwepo siku yenyewe, hata jirani wa ng'ombe mwekundu. Mimi nyuma nilikuwa nacheka kwa furaha kama mwendawazimu. Direkta gani hataki hivyo?

Kukhu akasimama. Alisimama katikati ya mwanga wa projekta, kivuli chake kikafunika kaburi lote ukutani, akamwinua mwanawe kwa mkono.

"Nyamazeni! Mnalilia nini? Huyu hapa. Njooni mumguse. Huyu nimeachiwa."

Wakaja. Mmoja mmoja wakapita mbele, wakamshika mkono, wakamshika uso, naye anacheka huku machozi yanamtoka. Picha yangu ikaendelea ukutani bila mtu wa kuitazama, na mimi mwenyewe nikaiacha iendelee, nikaingia kwenye foleni.