Maua ya Mwende Yaliyokatwa Kabla ya Harusi

Mwanangu, kabla hujashika safari nisikilize: asubuhi moja ya Novemba haijanitoka kichwani mpaka leo. Nilitoka nyumbani kwetu Kalama na kopo la maji, nikashuka kwenye tuta nililopanda maua ya harusi ya dada yangu, nikakuta hakuna ua hata moja. Yalibaki mashina matupu, yamekatwa kwa kisu, bado mabichi pale yalipokatwa. Kopo likaniponyoka. Nilisimama pale mdomo wazi kama mtu aliyerudi kutoka sokoni akakuta nyumba yake haipo.

Ngoja nikueleze maua hayo yalikuwa nini kwangu.

Miaka ya tisini ilikuwa inaelekea ukingoni. Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu, nina digrii na sina kazi. Tena nilikuwa kijana wa kuwaza. Mtu akinisalimia kwa haraka, nilishinda siku nzima nikijiuliza nimemkosea nini. Mwende, dada yangu mdogo, alipoletewa mbuzi wa posa, ukoo ulikaa na kila mmoja akataja atakachotoa kwa harusi. Mjomba alitoa ng'ombe, shangazi mchele. Zamu yangu ilipofika, watu wote walitazama chini ili wasiniaibishe. Hapo nikajisikia nikisema, "Maua yatakuwa yangu."

Mbegu nilikuwa nazo. Siku ya kuondoka chuoni niliokota vichwa vikavu vya zinia mbele ya bweni nikavitia mfukoni, sijui kwa nini. Zinia ni ua la jua. Ukilipanda chini ya mti linarefuka likitafuta mwanga, halafu linalala chini. Nikachagua tuta la juu, lisilopata kivuli tangu asubuhi mpaka jioni, nikavunja mabonge, nikachanganya samadi ya mbuzi iliyooza, nikapanda kwa mistari na kufunika kwa udongo mwembamba. Halafu nikaanza kuwaza. Labda nimezifukia sana? Nikafukua moja nitazame. Kesho yake nikafukua nyingine. Niliua mbegu nyingi kwa kuzichungulia, mwanangu. Zilizopona zilipona kwa sababu mama alinituma mjini Machakos nikachelewa kurudi.

Zilipoota zimebanana, nilishindwa kung'oa hata mche mmoja, mama ndiye akaipunguza. Maji tuliyabeba kutoka mbali, kwa hiyo niliyapa maua yale maji ya kuoshea mboga, nikimwaga kwenye shina. Majani yakilowa kila siku hushikwa na ukungu mweupe kama unga.

Jirani yetu Nzioka, rika langu, alipita hapo kila asubuhi akienda mtoni kupakia mchanga kwenye malori. Hakupita kimya hata siku moja.

"Bwana Digrii! Sasa? Hayo maua unapikanga na mahindi ama na maharagwe?"

"Enda kazi, Nzioka."

"Naenda. Lakini siku ya harusi nitakaa mbele kabisa, nione kama padre atakula."

Nilijifanya nimekasirika. Ukweli ni kwamba yeye peke yake ndiye aliyeniongelesha kama mtu mwenye kazi.

Maua yakafunguka, mekundu, ya manjano, ya rangi ya machungwa. Harusi ilikuwa baada ya Krismasi, nami niliyalinda kama benki. Mama aliomba machache ya altare, nikakataa.

Halafu ukingo wa mto ukamwangukia Nzioka. Walikuwa wakichimba mchanga chini yake, mvua ilikuwa imelainisha udongo, ukaporomoka wote kwa pamoja. Walipomtoa alikuwa ameshakufa. Asubuhi hiyohiyo alikuwa ameniuliza habari za padre. Niliposikia nilicheka, mwanangu, nikidhani ni mzaha wake mwingine. Kisha nikaona uso wa aliyeniambia.

Siku ya mazishi ndiyo asubuhi ile ya mashina matupu. Nilirudi nyumbani mbio nikamkuta mama ameketi mlangoni pa jikoni, beseni limejaa maua yangu, akiyafunga mafungu kwa nyuzi za katani.

"Mwaitu!" nikasema, kwa maana Kikamba chetu humwita mama hivyo. "Hayo ni ya Mwende!"

"Ni ya Mwende, ndiyo." Hakuinua kichwa.

"Na mbona umeyakata?"

"Leo wakimaliza kufukia, katekista ataita watu waweke maua. Wa kwanza ni mama ya Nzioka. Aende na nini, Kyalo? Na mikono mitupu?"

"Na harusi je?"

Hapo akanitazama. "Mwende yuko hai. Akikosa maua atalia siku moja, kesho yake atapikia bwana yake. Huyu mwingine hatuna siku ingine ya kumpatia kitu." Akavuta uzi, akakaza fundo. "Na hilo tuta unaita lako, nililichimba na mama ya Nzioka tukiwa na mwethya. Wewe ulikuwa mgongoni kwangu, unalia tu."

Mwethya ni kikundi cha majirani wanaolimiana kwa zamu. Matuta yote unayoyaona kwenye vilima vya Kalama yalichimbwa hivyo, leo kwako, kesho kwangu. Mimi, na elimu yangu yote, nilidhani tuta lilikuja na shamba.

Kaburini, mama ya Nzioka aliitwa wa kwanza. Akachomeka ua lake kwenye udongo mbichi, upande wa kichwa, akaushindilia kwa kiganja kama mtu anayepanda. Alipokuwa akirudi alisimama mbele yangu.

"Haya ndiyo yale alikuwa anasema?"

Sikuelewa.

"Kila jioni alikuwa anatuambia yamefika wapi. Yametoa jani, yametoa kichwa. Siku yalifunguka alikataa kula mpaka amalize kutuambia ile rangi."

Nilitazama kile kilima cha udongo kikizidi kujaa rangi, kila jirani akichomeka lake.

Nilirudi nyumbani nikaendelea kumwagilia mashina yale, si kwa matumaini, ila sikujua nifanye nini kingine. Kisha siku moja nikaona kwenye kila shina, pale jani linapokutana nalo, machipukizi mawili. Nikampigia mama kelele aje. Aliinama, akagusa, akanigeukia macho yamemtoka.

"Kwani haikukufa?"

Alikuwa ameshtuka kuliko mimi. Wiki ya harusi maua yalikuwa madogo kidogo, mashina mafupi, lakini kwa wingi yalizidi ya kwanza kwa mbali. Mwende aliyabeba mpaka akashindwa kuona njia.

Sasa sikiliza, mwanangu. Zinia ukiliacha ua likaukie juu yake, huelekeza nguvu zote kwenye mbegu na kuacha kuchanua. Likate likiwa wazi, asubuhi, juu kidogo ya majani, litatoa mengine. Mbegu za mwaka ujao ziachie vichwa vya mwisho. Hayo ni ya bustani.

Ya maisha ni haya. Usije ukasema mzee Kyalo alinifundisha kutoa ili nirudishiwe. Mama hakujua kwamba yatachipuka. Alikata akiamini yamekwisha, na hata kama yangekauka yote siku ile, bado angekuwa amefanya sawa. Mimi nilikuwa nikiogopa siku ambayo haijafika, na mlango wa pili watu wanalia. Ukijikuta unawaza sana juu ya kesho yako, inuka ukaulize nani ana shida leo, kisha umpe kilicho wazi mkononi mwako, wakati bado kina rangi.

Nenda salama. Mungu akupe jua la kutosha na mvua isiyobomoa kingo. Akupe mikono isiyoogopa kukata. Na siku utakayohitaji wewe, mwanangu, akukutanishe na mtu ambaye hatauliza maua ni ya nani.