Waliokula Udongo wa Boma Letu

Nilipokuwa mtoto kule Rangwe, nilikaa msimu mzima nikingoja kuona ni nani atakufa, baba yangu au jirani yetu Mzee Owuor. Sikumwombea yeyote mabaya. Nilitaka tu kujua udongo hufanyaje kazi yake.

Mzee Owuor alikuwa anataka kuwagawia wanawe shamba. Hati alikuwa nayo, kwa hiyo akamwita mpima ardhi amwonyeshe mipaka. Yule bwana akafungua ramani, akalipita boma la Owuor bila kusimama, akaja kupigilia vigingi vyake nyuma ya jiko la mama. Kwa namba iliyo kwenye hati, alisema, shamba la Mzee Owuor ni hapa. Hapa palikuwa boma letu lote, pamoja na kaburi la babu.

Baba hakuwa na karatasi ya kumjibu. Hati yake ilikuwa bado ofisini Homa Bay, haijachukuliwa, kama za watu wengi kijijini. Nyanya yangu, tuliyemwita Dani, ndiye aliyeshikilia kwamba shamba halikai sandukuni, shamba ni pale ulipomzika mumeo. Owuor hakuwa mtu mbaya, lakini serikali ilikuwa imemwambia jambo tamu, na nani hukataa tamu? Akatuambia tuanze kutafuta pa kwenda. Baba akamwambia mbele za watu kwamba amehonga.

Wazee wakaamua baba na Owuor wale udongo, kiapo kinachomuua mwongo. Walikusanyika asubuhi, chifu akiwa ameketi kando akijifanya hakuja kwa shughuli hiyo. Dani akachota udongo kando ya kaburi la babu. Baba akaapa kwamba shamba lile aliachiwa na baba yake, akameza. Owuor akaapa kwamba hajamhonga mtu, hati alipewa vile ilivyo, naye akameza, akaomba maji.

"Maji hapana," Dani alimwambia. "Aliyesema uongo hataonja mtama mpya."

Basi nikaanza ulinzi. Baba akipiga chafya, moyo wangu unaruka. Owuor alipopata homa, baba alinituma nikamjulie hali, nami nilikwenda mbio, nikakaa karibu na kitanda chake nikichungulia ulimi wake kila anapoongea. Akapona. Baba alipochomwa na mwiba mguu ukavimba, mke mmoja wa Owuor alikuja kuuliza analalaje, na hakubanduka mpaka ameuona mguu wenyewe. Sijapata kuona tena majirani wanaoulizana afya kwa bidii namna ile, na kwa kuwa kiapo kilikuwa bado kinafanya kazi, hakuna aliyethubutu kutuhamisha.

Mtama ukaiva. Baba akala ugali mpya, Owuor akala wake, na wote wawili wakanenepa. Wasabato wa sokoni wakacheka. Wengine wakanong'ona kwamba udongo umezeeka.

"Haujazeeka," Dani alisema. "Mwongo hakuula."

"Nani basi, Mama?" baba akauliza.

"Nani mwingine alisema neno juu ya shamba hili?"

Baba akageuka akavitazama vigingi nyuma ya jiko. Kesho yake alimpitia Owuor, wakaenda Homa Bay pamoja, ofisi ya ardhi, kuiangalia ramani.

Walirudi alasiri, Owuor akitembea nyuma. Aliyechora ramani alikuwa amezipishanisha namba: ya Owuor ameiandika kwetu, yetu kwake. Baba alikuwa amechukua hati yake hatimaye. Kwa hati hiyo, boma la Owuor, nyumba za wake zake wawili na zizi la ng'ombe, vyote vilikuwa mali yetu.

Owuor alikataa kiti. Sasa yeye ndiye aliyengoja kuambiwa atafute pa kwenda. Nami nilimtazama baba, nikiogopa atakachosema.

"Keti, omera, ndugu yangu," baba alisema. "Wiki ijayo tutarudi huko, wairekebishe."

Owuor akaketi. Dani akaleta chakula, wakala, kisha Owuor mwenyewe akasema, "Kila asubuhi nilikuwa naangalia kama moshi unatoka kwako. Nilingoja kusikia kilio."

"Mimi nilikuwa namtuma Akinyi huyu," baba alijibu.

Owuor akageuka akanitazama, mkono ukiwa bado kwenye sahani. "Nami nilikuwa namkatia muwa kila akija," alisema taratibu. "Nilidhani mtoto ananipenda."

Nikainuka nikamletea maji ya kunawa. Siku hizi ramani ziko kwenye kompyuta, na watu huniuliza kama kweli naamini udongo unaua. Mimi huwajibu kwamba sijui, na ni kweli sijui. Lakini neno ninalolirudia mwenyewe ni lile la Mzee Owuor, aliyeishi miaka mingi baada ya hapo, nami nikiendelea kwenda kwake bila kutumwa. Nilikuwa nampenda. Ningemwambia pale pale, ila hata mimi nilikuwa ndiyo kwanza nimelijua.