Jina la Merina Kwenye Mkanda wa Karate

Telesphory alikuwa mpiga video za harusi mjini Kigoma, na angebaki na harusi zake tungemheshimu. Mwaka 1998 akaingiwa na wazimu wa kutengeneza filamu ya karate, wapiganaji wote wanawake, wapigane ufukweni wakiwa wamelowa chapachapa, maana alijua wanaume wangejazana kwenye mabanda ya video. Alikuwa na kamera moja, mapanga ya mbao na wasichana wanne. Akawafunga vitambaa usoni ili wanne waonekane arobaini.

Mmoja wao alikuwa Merina, mkimbizi kutoka Uvira, ng'ambo ya ziwa, aliyeishi mtaa wa Katubuka kwa kujificha, hana kibali. Karate aliijua kweli, kaka yake alimfundisha. Yeye na mama yake, Yuliana, walipotezana siku ya kupanda mashua kukimbia vita, na hakujua mama yuko kambi gani, wala kama yu hai. Kwenda kuuliza aliogopa vizuizi vya barabarani.

"Nitalowa unavyotaka, kaka," alimwambia Telesphory. "Ila kabla sijapiga mtu, uniache niseme jina langu. Mikanda yako si inafika kambini?"

"Inafika kote," akajibu, na kwa hilo hakudanganya.

Basi Merina akalowa, kitambaa chekundu usoni. Akavumilia macho ya wavuvi na maneno yao, na kila pambano alisema: "Mimi ni Merina wa Yuliana, wa Uvira. Niko Kigoma, niulizeni kwa Telesphory wa harusi." Aibu yote aliimeza kwa ajili ya maneno hayo.

Mwaka ukapita. Siku moja Merina akiuza dagaa sokoni, akatokea Mama Feliksi, jirani yao wa Uvira, aliyetoka kambini. Merina akamwuliza kuhusu filamu aliyocheza; Mama Feliksi akasema ameiona, tena mara nyingi.

"Jina langu hamkulisikia?"

"Jina gani, mwanangu? Mtafsiri wetu anazima sauti, anatuhadithia mwenyewe. Yule wa kitambaa chekundu alimwita Chui wa Shanghai."

Sote tuliokulia mabandani tulijua watafsiri walivyo, hata filamu ya Kiswahili hawaiachi iseme. Hakuna aliyekumbuka kumwambia Merina, na mimi, niliyekuwapo ufukweni, najilaumu mpaka leo.

"Mama yako alikuwa anakuja kila Jumapili," Mama Feliksi akasema polepole. "Alisema macho ya yule ni ya Merina wake. Tukamcheka, tukamwambia yule ni Mchina. Tumemzika mwezi wa nne."

Merina akauliza mama alikuwa anakaa wapi bandani.

"Mbele," akajibiwa. "Mbele kabisa."