Stumai wa Mtinko, Ningoje

Kwa miaka thelathini Stumai alikuwa mke wa wimbo. Alipokuwa msichana, bendi moja ya dansi ilipita Singida mjini, ikakaa majuma mawili, na mpiga gitaa wake akamwahidi ndoa, kisha akaondoka na wenzake. Mwaka uliofuata ikatoka kanda ya bendi ile, iliyorekodiwa ukumbini. Katikati ya wimbo wa mwisho, magitaa yakiwa yamepoa, sauti ya mpiga gitaa ikasema: "Stumai wa Mtinko, ningoje."

Akangoja. Wachumba watatu walifika kwa baba yake Mtinko, na wote watatu wakarudi na ng'ombe wao. Hata kanda ilipoliwa na redio, aliyemcheka aliambiwa, "Mimi nimeitwa nchi nzima ikisikia. Wewe umeitwa na nani?"

Mwaka huu albamu ile imetolewa upya. Vijana wameipenda kwa huzuni yake, utadhani wao ndio walioachwa. Aneth, binti wa kaka yake, akaipata kwenye simu, akaja nayo uwanjani walikokuwa wakipiga alizeti kwa fimbo, mbegu zidondoke.

"Shikamoo shangazi. Nimekuletea mumeo."

"Marahaba. Ongeza sauti, mama yako asikie."

Febronia, wifi yake, aliendelea kupiga. Wimbo ukaja, jina likaja, lilelile. Stumai akasimama wima, fimbo mkononi, akamtazama wifi yake.

"Safari hii wameongeza," Aneth akasema. "Wimbo huohuo, walivyoupiga kumbi nyingine mwaka ule."

Magitaa yakapoa. "Amne wa Itigi, ningoje."

Aneth akaruka mbele haraka. "Emiliana wa Ulemo, ningoje." Akaruka tena. "Happiness wa Manyoni, ningoje." Pumzi ileile, uchovu uleule mtamu.

Febronia akacheka mpaka akakaa juu ya magunia. "Wifi! Kumbe mko kijiji kizima! Kutaneni basi, mchague mwenyekiti!"

"Nizime, shangazi?"

Stumai alikuwa na miaka hamsini na miwili, na hakuna mwanamume aliyewahi kula ugali wake ila baba na kaka.

"Acha. Alizeti haijipigi."

Aneth akaurudisha wimbo mwanzo. Stumai akainamia turubai, akapiga kwa nguvu zake zote ili aufunike. Lakini wimbo ulikuwa mzuri, na mwili wake ulikuwa umeuzoea tangu ujana. Haukupita muda, fimbo ikawa inaanguka palepale ngoma inapoanguka, wala hakuweza kuizuia.