Hatua Tisa za Zege

Maegesho ya gari letu yaligharimu matuta matatu ya mchicha, ingawa mapatano yalikuwa mawili. Nimehesabu mara mbili. Leo jirani yangu huku ughaibuni, Walthamstow, anamwaga zege mbele ya nyumba yake, na harufu ile mbichi imenirudisha utotoni.

"Gari likilala barabarani watalikwangua, mama watoto," baba alisema.

"Na mimi nipande mchicha wapi, juu ya boneti?"

Wakavutana mpaka mama akabakiziwa tuta moja, lile la mlangoni. Nikatumwa kupima nafasi ya gari. Kutoka getini hadi ukingo wa tuta hilo nikapata hatua tisa. Nikarudia, zikawa tisa. Baba akampa fundi hesabu yangu, akaenda kazini. Fundi, pande la mtu, akapima tisa kwa miguu yake mwenyewe, akafika mlangoni, akamwaga zege hadi hapo.

Jioni mama alisimama kizingitini, kipakiti cha mbegu mkononi. "Si wewe uliyehesabu?"

Gari lile liliuzwa kitambo. Mama bado hununua mchicha sokoni, na kila nikirudi likizo nikamsindikiza, akilipa hunitazama mimi. Mwenye kujua namna ya kuomba radhi kwa hesabu iliyokuwa sahihi, tafadhali anishauri.