Mchanga wa Kisima cha Mama Masalu

Mgeni anayefika Kishapu kiangazi na kuuliza mto Manonga uko wapi, asichekwe. Ataoneshwa mchanga mpana uliojaa nyayo za ng'ombe, basi. Maji yako chini yake. Mto wenyewe hauna makuu: masika hushuka kwa fujo hadi mbuga za Wembere, ukaishia hukohuko bara, na bahari haujawahi kuiona. Wazee husema zamani ulibaki na madimbwi mwaka mzima, kabla misitu ya kingo haijafyekwa ili pamba ilimwe. Siku hizi ukitaka kunywa, chimba.

Mektilda alioneshwa pa kuchimba na mama mkwe wake, akiwa bado bibi harusi. Kando ya mto ule kila kaya ina mahali pake mchangani, panarithiwa kama shamba. Mafuriko yakifukia shimo, kiangazi unalifukua palepale, unalizungushia miiba ng'ombe wasilivuruge, na jirani akija kuomba maji anamsubiri mwenye kisima amalize kwanza. Kisima cha Mektilda kilisifika kwa maji matamu, naye, tuseme ukweli, alikiringia. Jirani yake Generosa, ambaye kisima chake kilitoa maji ya chumvichumvi, alisubirishwa nje ya miiba hadi jua linachoma, eti mwenyewe bado anafua.

Mwaka huu mwanawe Masalu alikuja kutoka Geita kumchimbia. Huko anachimba dhahabu kwenye maduara, yale mashimo ya wachimbaji wadogo, na kushuka shimoni kwake si kazi ya kuhadithia. Lakini shimo lilipomfika kiunoni tu, jembe liligonga udongo mgumu, mkavu.

"Mayu," alimwita mama yake, "hapa hakuna kitu."

"Chimba. Bibi yako alichota hapahapa."

"Bibi alichota kwenye mchanga. Huu ni mfinyanzi, mama. Mchanga umekwenda wapi?"

Mektilda alijua. Masalu alipomjengea nyumba ya tofali na bati, ni yeye Mektilda aliyepanda lori la mchanga mbele na kumwelekeza dereva hadi kando ya kisima chake, kwa kuwa mchanga wa pale ulikuwa safi kuliko wote. Alijiambia mto ni mto, masika utaleta mwingine. Mvua zikaja haba, hazikuleta kitu. Mchanga uliomtunzia maji miaka yote sasa uko ukutani kwake, umeshikana na saruji.

Alikaa chini pale pale. Alikuwa amechoka, na si miguu tu. Bila maji ng'ombe wake wasingeifikia masika, naye angelazimika kumfuata mwanawe Geita, kwenye vumbi na kelele za mashine, akafe mbali na kaburi la mumewe. Hilo hakulitaka hata kidogo.

Mtaka cha mvunguni sharti ainame. Kesho yake alibeba ndoo hadi kwenye miiba ya Generosa.

"Mwangaluka, Mama Masalu."

"Mwangaluka. Naomba maji, mwenzangu."

"Karibu. Ngoja nimalize kufua."

Generosa hakucheka. Alifua shuka, akafua kanga, akafua hata vitambaa vya makochi. Mektilda aliketi juu ya ndoo yake jua likimpanda kichwani, akaona aibu, na akaona pia kwamba ni haki. Alipochota hatimaye, maji yalikuwa na chumvi ileile aliyokuwa akiisimanga. Akashukuru.

Nyumbani alimkuta Masalu akipapasa ukuta wa mbele, uso umechangamka.

"Mama, siondoki kabla sijaipiga nyumba plasta. Nimeshaongea na dereva, Jumamosi analeta mchanga."

"Anautoa wapi?"

"Mtoni. Pale kwa Mama Generosa bado upo wa kutosha."

Mektilda alitua ndoo polepole, asimwage hata tone.

"Mpigie. Mwambie asije."

"Mama! Nyumba ibaki tofali tupu hivi? Watu watatucheka."

"Waache wacheke," alisema Mektilda, akichovya kata ndani ya ndoo. "Wacheke wakiwa wamekunywa."